Salamu za Noeli kutoka Bukavu, pamoja na ukumbusho wa El Chorrillo

Wazazi wetu wapendwa, ndugu na dada wa Ibanda, Bagira na Kadutu, pamoja nanyi mliokimbilia ugenini, nawatakieni Noeli yenye amani na afya.

Mwaka huu moyo wangu umewaelekea watu wa Panama, ambao kwao juma la Noeli ni juma la matanga. Usiku wa tarehe 20 Desemba 1989, wanajeshi wa Marekani wapatao 27,000 waliivamia nchi hiyo ndogo ili kumkamata mtawala wake, Manuel Noriega, ambaye kabla ya kuitwa adui alikuwa amelipwa kwa miaka mingi na shirika la ujasusi la Marekani hiyohiyo. Mtaa wa El Chorrillo, uliopakana na makao makuu ya jeshi lake, uliteketea. Zilikuwa nyumba za mbao zilizojengwa zamani kwa ajili ya wafanyakazi wa Mfereji wa Panama, zimebanana ukuta kwa ukuta, na sisi tunaojua jinsi moto unavyoruka ubao kwa ubao kule Kadutu hatuhitaji kuelezwa jinsi akina mama walivyotoka na watoto mgongoni bila hata sufuria. Noriega mwenyewe alipata pa kujificha: mkesha wa Noeli aliingia katika ubalozi wa Papa, akajisalimisha tarehe 3 Januari. Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa liliulaani uvamizi huo kwa kura 75 dhidi ya 20, lakini kura hizo hazikumjengea mtu nyumba.

Ilikuwa Desemba pia, mwaka 1823, Rais James Monroe alipoionya Ulaya isiingilie tena bara la Amerika. Onyo lililoonekana kuwa ngao ya majirani likaja kugeuzwa kibali cha kuwaingilia. Desemba 1914 wanamaji wa Marekani walichukua dhahabu ya dola 500,000 kutoka benki ya Haiti wakaipeleka New York, na mwaka uliofuata wakaikalia nchi hiyo hadi 1934.

Noriega hakuwa mtu mwema, wala simtetei. Ila sababu zinazotangazwa, kulinda raia, kumsaka mhalifu, kurudisha utulivu, sisi wa Kivu, mashariki mwa Kongo, tumezisikia tangu vita vya 1996 kutoka kwa majirani wa karibu zaidi, na tunajua ni mitaa ipi inayolipa.

Tangu 2022 Panama imeifanya tarehe 20 Desemba kuwa siku ya taifa ya maombolezo. Nawaomba, katika misa ya mkesha, muongeze ombi moja kwa ajili ya marehemu wao pamoja na wetu, kisha mle, mtembeleane, na wagonjwa msiwasahau. Noeli njema na mwaka mpya wenye heri.