Kaka, huyo Laxman anayetajwa chumbani kwenu

Kaka yangu wa Maskati,

Salamu nyingi sana, huku sote wazima, mama mzima ila goti ni lile lile, na joto la mwezi huu hata paka wa jirani halali ndani tena. Voisi yako niliisikiza mara tatu, ya kwanza nilikuwa kwenye matatu sikusikia kitu. Nikaona nikuandikie kwa urefu, manake we una maneno mawili makubwa na mi kwenye voisi nikianza kikohozi changu hatufiki.

La kwanza umeuliza kwa mzaha, huyo Laxman ni nani ambaye jamaa wa Hyderabad, India, mnayelala chumba kimoja anamtaja kila mkigombana kuhusu Kohli na Tendulkar, hao wapigaji wa kriketi wa India. La pili la hao mabosi kukutoa gereji kwenye mainjini ukakae kaunta ya kupokea wateja, nimekuskia, nalo tutafika. Ila nianze na la kwanza kwa sababu ushanipeleka mbali kaka, hukujua tu.

Mwaka 2001, mwezi wa tatu. Si wakumbuka nimemaliza fomu foo sina mbele sina nyuma, nikapata kibarua kwa yule mzee wa Kihindi wa spea, kubeba maboksi na kupanga rafu. Mzee alikuwa na TV ya Great Wall ya inchi 14 imekaa juu ya rafu ya breki pedi, na dishi kwenye paa. Kriketi ikichezwa India huku kwetu inaanza saa moja asubuhi, kwa hivo mi nikifika nafagia huku najua tayari mzee ana furaha ama ana kisirani. Na kriketi mi nilikuwa siijui kabisa, naona watu wazima wamevaa nyeupe wanasimama juani siku tano, nikisema hawa hawana kazi.

Sasa Australia ya wakati huo ilikuwa haishikiki. Walikuwa wameshinda Testi 16 mfululizo, hizo ndo mechi za siku tano za nchi kwa nchi, na hiyo ya 16 wameshindia huko huko India, Mumbai, kwa wiketi 10, yani mara ya pili hawakutolewa hata mtu mmoja. Wakaja Kolkata, uwanja wa Eden Gardens, wakapiga mikimbio 445, hizo ndo pointi zao. India ikajibu 171. Ukiachwa mbali hivo mwenzio ana haki ya kukwambia rudi upige tena sasa hivi, kabla yeye hajaingia mara ya pili, wenyewe wanaita foloon, na ni aibu kaka, ni kama umefua kanzu ukaambiwa mbele ya watu haijatakata, rudia. Mzee alizima TV. Akaenda kuhesabu plagi, na mzee akihesabu plagi ulikuwa humsemeshi.

Lakini kwenye zile 171 kuna kijana mmoja mrefu, ndo huyo Laxman, alikuwa amefika 59 na ndo akawa wa mwisho kutolewa. Nilikuja kujua baadaye, anarudi chumbani anataka kuvua pedi zake za miguu, kochi John Wright akamwambia usivue, unaingia namba tatu, mpigaji wa tatu. Mara ya kwanza alikuwa ameingia namba sita! Hiyo namba tatu ilikuwa ya Rahul Dravid, Dravid mwenyewe akashushwa kwenye sita. Yani walibadilishana viti wakati nyumba inaungua.

Siku ya tatu ikiisha yuko 109. Siku ya nne, Jumatano, mzee akaja mapema kuliko mi. Akawasha. Mi nilikuwa nimekalia kreti ya soda karibu na mlango nachambua nati, naona mzee kila dakika ananitazama, nikafikiri kuna kitu nimevunja. Saa mbili nikainuka niende nikakojoe, akapiga kelele "kaa! kaa hapo hapo!" Kumbe ashaamua tangu nikalie ile kreti hakuna wiketi iliyoanguka, yani hakuna aliyetolewa, kwa hivo nikiinuka nitawaua Wahindi bilioni moja. We nicheke tu. Nilikaa. Wateja wakija mzee anawaambia spea hiyo njoo kesho, na mwenyewe waiona ipo hapo nyuma ya kichwa chake. Alinitumia mtoto aniletee mahamri na chai pale pale, halafu wakati wa lanchi ya wachezaji, dakika 40, ndo nikapewa ruhusa ya kwenda choo.

Na ndo siku hiyo nikaona. Kaka, Shane Warne wa Australia, bola wa spini, mrusha mpira wa kuzunguka, anayetajwa dunia nzima, anautupa mpira nje ya miguu ya Laxman, pale kwenye vumbi lililochimbuka, mpira ukitua pale unakata kama nyoka. Watu wengine wanaziba tu kwa pedi na kuomba Mungu. Huyu anateremka hatua mbili, miguu iko mbali huko, vifundo vya mikono vinageuka tu, mpira unaenda upande wa kulia. Unatupwa mwengine vile vile, pale pale, anaupeleka kushoto. Warne anaweka mtu kule alikopigwa, Laxman anapeleka kule mtu alikotolewa. Hana nguvu za kutisha, hapigi kwa hasira, bati, lile gongo la kupigia, analisogeza kama anafunga mlango wa chumba chenye mtoto amelala. Mzee akawa anasema peke yake kwa Kigujarati, sijui anaomba ama anatukana.

Siku nzima. Ova 90, kila ova mipira sita. Hakuna aliyetoka, walianza 254 wakamaliza 589, Dravid ana homa na Laxman mgongo unamuuma, wanapumzika chai wanarudi. Kesho yake akatoka na 281, mipira 452, foo 44, yani mara 44 mpira umefika mpakani. Hakuna Mhindi aliyewahi kupiga nyingi hivo kwenye Testi moja, ya Gavaskar 236 ndo ilikuwa juu. Wale wawili pamoja 376. India ikasema inatosha, ikaacha kupiga ikiwa 657, Australia wakaingia kutafuta 384, mpaka wakati wa chai wamepoteza watatu tu, unaona hapa ni sare, halafu Harbhajan, bola wa India, akaanza kuwaokota mmoja mmoja, na Tendulkar akapewa mpira naye akaokota watatu, wote nje 212. India imeshinda kwa 171, ile ile namba waliyoaibikia. Timu iliyoambiwa foloon kushinda ilikuwa imetokea mara mbili tu kabla ya hapo, 1894 na 1981. Mzee alifunga duka saa nane unusu, akanipa shilingi mia tano na hakusema kwa nini.

Tangu siku hiyo nikawa wa Laxman. Tendulkar ni Tendulkar, sibishani na mtu, lakini yule kila mtu anaye. Mwambie jamaa wako wa Hyderabad mi niko upande wake.

Sasa historia yake ndo nataka uisikize vizuri kwa ajili ya hayo mambo yako. Huyu ni mtoto wa madaktari, baba na mama wote, na yeye mwenyewe masomo alikuwa nayo, njia ya udaktari iko wazi, akachagua bati. Akaingia timu ya taifa 1996, Ahmedabad dhidi ya Afrika Kusini, akapiga 51 kwenye mechi ambayo kupiga kulikuwa taabu. Halafu shida. Yeye ni mtu wa katikati, lakini katikati viti vyote vina wenyewe, Dravid, Tendulkar, Ganguly, Azharuddin ambaye ni wa Hyderabad vile vile. Nafasi iliyobaki ni ya kufungua, ile ya kuingia wa kwanza mpira ukiwa mpya, mgumu, unayumba hewani, kazi ya watu wengine kabisa. Wakamsukuma huko. Leo ndani kesho nje, miaka mitatu.

Januari 2000 Sydney, akifungua, timu nzima imetoka 261 na yeye peke yake kapiga 167. Mechi walishindwa vibaya lakini dunia ikaona mkono. Ungefikiri basi, ashapata kiti chake, atulie hapo. Mwaka huo huo wakamuacha tena, na yeye akawaambia wachaguzi mi kufungua basi, nikirudi nirudi katikati na nisiporudi basi. Miaka 25! Akarudi kuchezea Hyderabad kwenye Ranji, ligi yao ya nyumbani, na msimu ule wa 1999-2000 aliondoka na mikimbio 1415 na senchuri nane, yani mara nane kafika mia, hakuna aliyewahi kufika hapo msimu mmoja. Ikabidi wamwite. Mwaka mmoja baadaye ndo Kolkata.

Hadithi ingekuwa tamu ingeishia hapo lakini wapi. Wakumbuka 2003, Kombe la Dunia, tulivofunga mtaa mzima? Kenya yetu imempiga Sri Lanka pale Nairobi, Collins Obuya wiketi tano kwa 24, New Zealand wamekataa kuja tukapewa pointi za bure, mpaka semi fainali Durban, uwanja wa Kingsmead, na tuko na nani, India. We ulilia siku ile usikatae. Ganguly alipiga 111 hakutoka, Tendulkar 83, wakafika 270, sisi Tikolo na 56 zake peke yake, tukaanguka 179. Sasa mi siku ile katikati ya machungu yangu ya Kenya nilikuwa natafuta Laxman kwenye ile timu na hayupo. Walimuacha nyumbani, kikosi kizima cha watu 15 hakimo. Hakwenda Kombe la Dunia hata moja maishani, kila likija wanasema ni mzito kukimbia, anafaa Testi tu. Na kweli alikuwa mzito, kukimbia kati ya wiketi alikuwa kama mtu anayerudi dukani kudai chenji, sitakudanganya. Mwaka uliofuata, 2004, akapiga senchuri tatu za wandei, mechi za siku moja, huko Australia ndani ya mashindano mamoja, halafu 107 Lahore kwenye mechi ya kuamua mshindi na Pakistan. Na bado 2007 hakuchukuliwa.

Ila ya Mohali ndo naipenda kuliko hata Kolkata, Oktoba 2010. India wanatafuta 216 kwa Australia, wako 124 na nane washatoka. Laxman mgongo umekaza hawezi hata kukimbia, Suresh Raina anakimbia kwa niaba yake, na mwenzake aliyebaki ni Ishant Sharma, bola, mtu wa kupiga ikibidi. Wakasogea taratibu mpaka zimebaki 11, Ishant akatoka, akaingia wa mwisho kabisa, Pragyan Ojha. Sasa Laxman unamjua ni mpole, mtu wa kunong'ona. Ojha akasitasita kukimbia mkimbio mmoja, kaka, mtu aliinua bati juu akamfokea yule kijana mbele ya dunia nzima, nilidhani atampiga nalo! Halafu mpira ukampiga Ojha kwenye pedi, Australia wote wanalia atoke, refa kakataa, na Ojha kashaondoka mstarini, Steve Smith akaona nafasi akarusha mpira kwenye vijiti vya wiketi, ukakosa, ukapita ukaenda zake mpaka mpakani, nne za bure. Wakashinda kwa wiketi moja. Laxman 73 na mgongo wake. Desemba ile ile akapiga 96 Durban, Kingsmead pale pale tulipolilia sisi, India ikashinda.

Mwisho wake ndo sijaumaliza kuuelewa. Agosti 2012 tayari ashachaguliwa kucheza na New Zealand, mechi ya kwanza ni Hyderabad, nyumbani kwao, angepiga siku zake tano, apigiwe makofi, alie, aage. Siku chache kabla akaita waandishi akasema naacha, leo. Testi 134, mikimbio 8,781, senchuri 17. Mi ningesubiri hizo siku tano wallahi, hata kwa ajili ya mama yangu akaone.

Haya sasa ya kwako. Najua unataka nikwambie kataa kaunta, rudi kwenye mainjini, fanya kama Laxman. Sikwambii. Laxman akikataa alikuwa na Hyderabad ya kurudi, anapiga huko mpaka wanamwita, we ukikataa unarudi wapi, visa yako iko kwa bosi na karo za watoto zinakuja. Mi mwenyewe wajua nilihamishwa stoo miaka miwili mahali fulani nikanyamaza, na nilinyamaza kwa sababu ya kodi ya nyumba. Ila ulizia kwanza hiyo kaunta mshahara ni ule ule ama unashuka, na kama watakuacha Ijumaa ufungue injini mbili tatu mkono usilale. Hapo ukijua unijibu, tutaongea vizuri, na usiwajibu hao kabla hujanijibu mi.

Mzee wa spea alishafariki siku nyingi na duka sasa wanauza simu. Ile kreti nilipewa siku wanafunga, iko hapa jikoni, mama anaikalia akisukuma chapati, na ukimwambia ainuke kidogo hataki.

Nduguyo wa Mombasa