Kuhusu yale mabomu tunayobishania

Rafiki yangu mpendwa,

Salamu nyingi. Barua yako nimeisoma na hoja yako naielewa: tangu 1945 haijatokea vita kuu ya tatu, kwa hiyo bomu la nyuklia ndilo mlinzi wa amani. Mimi hilo silikubali kabisa.

Unamkumbuka Elizabeth Anscombe, mwanafalsafa wa Oxford? Mwaka 1956 chuo chake kilipotaka kumtunuku shahada ya heshima Truman, rais wa zamani wa Marekani aliyeidhinisha kuipiga Japani kwa mabomu ya atomiki, alisimama akapinga mbele ya wenzake. Waliomuunga mkono walikuwa wa kuhesabika, na shahada ikatolewa. Wengi humdhania alipinga vita vyote. La hasha, msimamo huo aliukataa waziwazi. Alichoshikilia ni kwamba kuua wasio na hatia kwa makusudi, ili kifo chao kikupatie unachokitaka, ni uuaji, hata kama unachokitaka ni kumaliza vita. Na wale waliosema bila bomu wangekufa wengi zaidi, aliwarudisha nyuma kwenye chanzo: ni nani aliyeshikilia kwamba lazima Japani isalimu amri bila masharti? Swali hilo bado lina uzito wake wote.

Fikiria Kokura, mji wa Japani. Tarehe 9 Agosti 1945 ndio mji uliolengwa. Ndege ya Marekani iliyobeba bomu ikauzunguka, lakini mawingu na moshi vilikuwa vimeufunika, rubani akageuza kuelekea Nagasaki. Makumi ya maelfu wakafa huko. Walikuwa wamekosa nini ambacho watu wa Kokura hawakukosa?

Unasema siku hizi mabomu yamewekwa tu, hayatumiki. Lakini kitisho hakimtishi adui asipoamini kwamba utakitekeleza. Ndiyo maana hata usiku huu kuna mabaharia ndani ya nyambizi, wamefunzwa na wako tayari kuteketeza miji wakipewa amri. Nia ya kuua imeshawekwa, tena kwa sheria na kwa bajeti, na sisi tumeizoea. Hilo ndilo linaloniuma kuliko yote.

Halafu usiniambie kuyaacha hakuwezekani. Afrika Kusini ilikuwa na mabomu sita, ikayavunja yote, ndipo mwaka 1991 ikajiunga na mkataba wa kuzuia kuenea kwa silaha za nyuklia. Dola zenye mabomu zilizomo kwenye mkataba huo huo ziliahidi kufanya mazungumzo ya dhati ya kuyaondoa. Mkataba ulianza kazi 1970!

Ukiniandikia tena, nijibu kuhusu yule baharia: amri ikimfikia, ana haki ya kuitii?

Wako daima.