Corrido ilikuwapo kabla ya wauza dawa

Ndugu Mhariri,

Makala yenu ya burudani kuhusu muziki wa Mexico ilidai mambo mawili. Kwanza, kwamba nyimbo za huko siku hizi ni za kuwasifu wauza dawa za kulevya. Pili, kwamba majimbo na miji inayozipiga marufuku inafaa kuungwa mkono. Dai la kwanza lina chembe ya ukweli. La pili limekwishajaribiwa hukohuko Mexico, tena si mara moja.

Mwaka 2011 serikali ya jimbo la Sinaloa iliamuru baa na kumbi zitakazopiga narcocorrido, yaani corrido (nyimbo za kusimulia matukio) za wauza dawa, zinyang'anywe leseni ya pombe. Mwaka 2013 Mahakama ya Juu ya nchi ikaifuta amri hiyo. Mwaka 2012 jiji la Chihuahua liliwafungia wanamuziki wa kundi la Los Tigres del Norte kwa kuimba wimbo wa namna hiyo jukwaani. Waliporudi mwaka 2017 wakauimba tena, na safari hii wakatozwa faini. Tijuana nayo ikapitisha marufuku yake Novemba 2023. Sasa tazameni mwaka huohuo wa 2023 ulivyokwenda. Mwimbaji Peso Pluma, kijana wa Zapopan, pamoja na kundi la Eslabon Armado, walifikisha "Ella Baila Sola" nafasi ya 4 kwenye chati kuu ya Billboard ya Marekani, mahali ambapo muziki wa mikoani wa Mexico haukuwahi kufika. (Na wimbo wenyewe ni wa kijana kumtamani msichana anayecheza peke yake. Hauna bunduki hata moja.)

Aprili 2025 huko Texcoco, mwimbaji Luis R. Conriquez aliwaambia mashabiki kwamba hataimba corrido hizo kwa sababu ya vizuizi vya serikali. Watu walirusha walichoweza kurusha, wakapanda jukwaani, wakavunja vyombo. Amri ilitoka ofisini, hasara wakaipata wapiga muziki.

Mwandishi wenu anaiandika corrido kana kwamba ilizaliwa na kokeini, na hapo ndipo nilipokwazika zaidi. Sisi tuliokulia kwenye tenzi tungeitambua haraka. Mshororo wake wa kawaida una mizani 8, ubeti wake mishororo minne. Hufungua kwa kutaja mwaka na mahali, husimulia tukio kwa majina ya wahusika, na mara nyingi hufunga kwa ubeti wa kuaga. Wakati wa mapinduzi yaliyoanza mwaka 1910, watu wengi wasiojua kusoma walipata habari za vita kwa njia hiyo. Marekani ilipopiga marufuku pombe, kuanzia 1920 hadi 1933, watu wa mpakani waliimba habari za wavusha tequila. Bidhaa zilikuja kubadilika, mpaka ni uleule.

Tena anayeitwa jambazi ni suala la nani anasimulia. Juni 1901 huko Karnes, Texas, sherifu alikwenda kumhoji mkulima aitwaye Gregorio Cortez kuhusu farasi wa wizi. Mkalimani akakoroga maneno, sherifu akampiga risasi kaka yake Gregorio, Gregorio akampiga sherifu akafa. Alikimbia siku kumi akiwindwa na mamia ya watu wenye silaha. Kwa magazeti mengi ya Texas alikuwa muuaji, kwa corrido alikuwa mtu aliyetetea haki yake. Mwaka 1913 gavana alimsamehe. Hapa kwetu Wajerumani walimnyonga Abushiri pale Pangani, Desemba 1889, na washairi wa Mrima wakaisimulia vita ile kwa namna ambayo ripoti za Berlin hazikuisimulia.

Sisemi kwamba hakuna uchafu. Upo, na chanzo chake ni fedha. Kuna corrido za kuagizwa: mtu anamlipa mtunzi, anatungiwa sifa zake. Chalino Sánchez wa Sinaloa alijipatia jina kwa kazi hiyo, akapigwa risasi jukwaani California Januari 1992, na Mei mwaka huohuo akauawa Culiacán baada ya onyesho. Mwimbaji Valentín Elizalde aliuawa Reynosa mwaka 2006, naye ametoka kuimba. Machi 2025 wanamuziki wa kundi la Los Alegres del Barranco walionyesha jukwaani picha ya bosi wa genge la dawa la Jalisco, Marekani ikawafutia viza. Kwa hao sina cha kuwatetea. Lakini anayemwimbia bosi kwa malipo hafanyi kazi moja na anayeeleza kilichotokea kijijini kwake, na marufuku huwachanganya wote wawili. Rais Claudia Sheinbaum ameliona hilo: alisema hapendi kupiga marufuku, akaanzisha shindano la nyimbo zisizotukuza ukatili. Sijui kama litafaulu, ila angalau linamkabili mtunzi kwa utunzi.

Los Tigres wenyewe, ambao makala iliwataja kwa mstari mmoja wa lawama, ni ndugu waliotoka Rosa Morada, Sinaloa, wakahamia California wakiwa vijana wadogo mwishoni mwa miaka ya 1960. Kweli, miaka ya 1970 walipata umaarufu kwa kisa cha Camelia na bangi iliyofichwa kwenye matairi, kisa cha kubuni. Lakini wimbo wao "La Jaula de Oro" (Kizimba cha Dhahabu) je? Humo ni mhamiaji asiye na hati, mwenye kazi na fedha, ambaye watoto wake wamesahau lugha yake na hawataki kurudi kwao. Wasomaji wenu walio Muscat na Minneapolis wangeielewa bila kufasiriwa.

Mimi ni mpiga akodiani wa taarab, nimestaafu, kwa hiyo mtindo wao wa norteño, yaani wa kaskazini, ndio unaonivuta. Akodiani ililetwa kaskazini mwa Mexico na Texas na wahamiaji wa Kijerumani na Kicheki, pamoja na polka zao. Yao ni ya vibonye, si ya vinanda kama zetu, na huenda sambamba na bajo sexto, gita la nyuzi 12 linalobeba besi na mapigo kwa pamoja. Shuka pwani ya Pasifiki na akodiani inapotea: mtindo wa banda ni klarineti, matarumbeta, tuba na ngoma kubwa. Banda El Recodo iliundwa mwaka 1938 na Cruz Lizárraga, ambaye husimuliwa kwamba aliuza nguruwe ili anunue klarineti. Mwaka 2024 wenye hoteli za Mazatlán walilalamika kwamba banda za ufukweni zinawasumbua wageni, na wapigaji wakaingia barabarani na tuba zao. Habari kama hiyo ingefaa sana ukurasa wenu.

Mariachi siwaelezi, kila mtu anawajua kwa kofia zao. Ila kwa msomaji wa Kiafrika pana Veracruz, bandari ambako watumwa wengi kutoka bara letu waliteremshwa. Son jarocho, muziki wa huko, huchezwa juu ya jukwaa la mbao linalopigwa kwa visigino, kwa kinubi na magita madogo ya jarana. Vikundi vingine hutumia marimbol, sanduku lenye vyuma vya kudonoa kwa vidole, chombo cha ukoo mmoja na ilimba ya Wagogo. Katiba ya Mexico iliwatambua raia wake wenye asili ya Afrika mwaka 2019 tu, na sensa ya 2020 ikahesabu zaidi ya milioni 2.5. Mwandishi wenu akirudi kwenye Mexico, naomba aanzie hapo.

Wenu,
Msomaji wa Ngamiani, Tanga