Usishike usukani alfajiri, mwanangu

Mwanangu,

Ujumbe wako tumeupata. Kukabidhiwa seti nzima uisimamie si jambo dogo, hongera. Ila nimekwama pale uliposema filamu hii mpya karibu yote itapigwa usiku. Alfajiri nani atakurudisha? Hilo hukuliandika.

Watu hudhani kazi ya filamu ni zile saa ambazo kamera imewashwa. Kumbe nyinyi wa idara ya sanaa, mnaojenga na kupamba seti, mnafika kamera ikiwa bado kwenye sanduku lake, na waigizaji wakishaondoka mnabaki kubomoa, kufunga na kuhesabu vitu vya watu mlivyoazima. Baada ya hapo ndiyo uendeshe gari?

Marekani kulikuwa na msaidizi wa mpiga picha, Brent Hershman. Mwaka 1997 alipiga kazi saa 19, akasinzia akiendesha kurudi kwake, akafa. Alikuwa na miaka 35. Wenzake walikusanya saini wakitaka siku ya kazi isizidi saa 14. Hakuangukiwa na taa wala jukwaa. Usingizi tu.

Na usingizi wa barabarani naujua. Unajiona uko macho kabisa, mara unashtuka njia panda umeshaipita na hukuiona. Ile bampa ya gari la kazini, niliyowaambia ni ng'ombe... haya, tuyaache.

Kabla hujasaini, uliza: kati ya kazi ya leo na ya kesho mnapumzika kwa muda wa saa ngapi? Kuna gari la kuwarudisha, au chumba cha kulala karibu? Liandikwe kwenye mkataba, maneno ya simu hayana shahidi. Wakikwambia “hapa sisi ni familia”, waulize ni familia gani isiyotaka kujua kama umefika.

Ile filamu yako tumeitazama. Mama yako alilia, mimi nilikuwa naangalia ukuta mlioujenga. Kwenye swichi ya taa umepachafua kama pameshikwashikwa na vidole miaka yote, na chini kwenye sakafu rangi imeliwa kwa ufagio. Kumbe ni mbao nyembamba, nyuma yake hakuna kitu! Jina lako lilipita mbio mwishoni, nikalisimamisha kwa rimoti, nikamwita jirani aje asome. Lakini saa ya ukutani ilikuwa saa nne, mtu kageuka tu, ikawa saa sita. Najua kuna mwenye kazi ya kufuatilia hayo. Saa mliitundika nyinyi.

Shangazi yako alipolazwa hukuja, ukasema mnajenga. Ametoka, hakuulizi kwa ubaya, lakini mpigie.

Cherehani uliyoichukua ikawe pambo la seti, mama yako anaidai. Mapazia ya chumbani hayajapindwa mpaka leo. Mlango wa uani bado haufungi, fundi alikuja akapima, akaondoka na vipimo vyake. Mdogo wako naye sasa anataka filamu. Mweleze habari ya kubeba makochi saa tisa usiku, hizo picha za zulia jekundu ameshaziona.

Pesa ulizotuma zimefika. Za mwezi ujao usitume, zilipie teksi ya alfajiri, sisi tunajiweza. Ukifika piga, iwe saa ngapi. Simu sizimi.

Baba yako