Akina King wa Lewiston hawakupita Ellis Island

Ndugu Mhariri,

Mwandishi wenu wa safu ya Jumapili ameandika kuwa makarani wa Ellis Island, kituo cha kupokelea wahamiaji bandarini New York, ndio waliowakatakata wahamiaji majina yao walipoingia Marekani. Ni hadithi tamu, hata mimi niliwahi kuwasimulia wanangu. Lakini makarani wale hawakuwa watunga majina. Walikuwa na orodha ya abiria iliyoandikwa na kampuni ya meli kule safari ilikoanzia, wao wakahakiki tu. Na hao wenye asili ya Kifaransa kutoka Quebec, Canada, aliowatolea mfano, wengi wao hawakukanyaga bandari. Walishuka kwenye treni.

Huu ni mwaka wangu wa saba hapa Lewiston, jimbo la Maine, nikihudumia wazee kwenye makazi yao. Nilizaliwa Bukavu, nikakulia Kigoma. Chumba cha mwisho kwenye korido yetu yumo mzee wa miaka 91. Mlangoni kwake pameandikwa ROY. Wenzangu humwita "Mista Roi", Kiingereza kitupu. Siku ya kwanza niliingia na beseni la maji ya moto, nikasoma Kifaransa kama masista walivyonifundisha: "Rwa." Akageuza kichwa. "Rwe," akanisahihisha. "Sisi ni akina Rwe."

Nilidhani ni meno ya bandia. Kumbe ndivyo walivyotamka Wafaransa wa karne ya 17, hata mfalme mwenyewe kule Versailles. Paris ilikuja kuacha matamshi hayo baada ya Mapinduzi ya 1789, lakini waliokuwa wameshahamia Canada waliendelea nayo. Roy ni tahajia ya zamani ya neno mfalme. Si kwamba babu zao waliketi kwenye kiti cha enzi. Aghalabu lilikuwa jina la utani, la mtu aliyeigiza mfalme kwenye sherehe ya kijiji, au mwenye maringo tu.

Akina Roy wa Canada si ukoo mmoja. Yupo Nicolas Leroy aliyetoka Dieppe, Ufaransa. Yupo Antoine Roy, fundi mapipa wa Joigny, aliyefika 1665 akiwa askari wa Carignan-Salières, kikosi cha jeshi la Ufaransa. Askari walikuwa na majina ya jeshini, na lake lilikuwa Desjardins, yaani "wa bustanini". Aliuawa Lachine, karibu na Montreal, mwaka 1684 na mume aliyemfumania na mkewe (mzee wangu hulisimulia hili kwa furaha nisiyoielewa). Basi kizazi cha mtu huyo mmoja kina akina Roy na kina akina Desjardins.

Kati ya 1840 na 1930 watu wapatao 900,000 waliondoka Quebec kutafuta kazi Marekani. Reli ya Montreal hadi Portland, hapa Maine, ilikamilika 1853, tawi la Lewiston likafunguliwa 1874, na viwanda vya pamba vikawameza. Hapo ndipo majina yalipogeuka: kwenye daftari la mishahara, kwa mwalimu asiyejua Kifaransa, au kwa mwenye jina mwenyewe. Roy akawa King. Desjardins akawa Gardner, Lévesque akawa Bishop, Boisvert akawa Greenwood. Ninayempenda zaidi ni Courtemanche, aliyeamka siku moja akiitwa Shortsleeves, "Mikono Mifupi".

Wengine walikuwa na sababu ya kujificha. Mwaka 1919 Maine ilipitisha sheria ya kufundisha kwa Kiingereza tu katika shule za serikali, na miaka ya 1920 Ku Klux Klan ya huku, kundi la Wazungu wabaguzi, iliwaandama Wakatoliki hawa. Mzee wangu anakumbuka kuandikishwa mara mia kwamba hatasema Kifaransa. Kaka yake alikwenda kuomba unyapara kiwandani miaka ya 1950, akarudi nyumbani akiwa King. Mama yao hakulitamka jina hilo hata siku moja. Makaburini wamelala safu moja: wazazi Roy, mtoto King.

Mtu anayefuatilia ukoo asirukie kila King akadhani kampata Mfaransa. Uingereza na Ireland wamejaa. Na yule Roy ambaye ni jina la kwanza la mtu mara nyingi ni wa Kiskoti, maana yake "mwekundu".

Sisi wa Kongo tulipewa yetu kwa amri. Mwaka 1972 Mobutu alipiga marufuku majina ya Kizungu, na baba yangu Joseph akaacha kuwa Joseph, kanisani na kazini. Nyumbani bibi aliendelea kumwita Zozefu, kwa sauti ya chini. Nilipomweleza mzee habari hiyo aliniuliza kama kulikuwa na faini. Nikamwambia padri aliyebatiza kwa jina la Kizungu alitishiwa kifungo. Akanyamaza, kisha akaomba kalamu.

Kwenye kibao cha mlango, chini ya ROY, sasa pameandikwa kwa mkono unaotetemeka: Rwé. Msimamizi ameniuliza mara mbili ni nani kachafua kibao. Sijamjibu.

Mama Neema,
Lewiston, Maine