Kabla ya Disney alikuwapo McCay

Mhariri,

Makala yenu ya wiki iliyopita kuhusu filamu za katuni niliisoma kwa furaha, ila mwandishi ameidakia hadithi katikati. Kuanza na Walt Disney na Mickey Mouse wa 1928, kana kwamba kabla yao palikuwa patupu, ni kumdhulumu Winsor McCay, mchora vibonzo wa magazeti ya Marekani.

McCay alianza mfululizo wa vibonzo, Little Nemo in Slumberland, mwaka 1905 katika New York Herald: ukurasa mzima wa rangi, mtoto Nemo yumo ndotoni, na kila kisa kikiisha anazinduka kitandani au sakafuni kando ya kitanda. Mwaka 1911 akawatia wahusika haohao kwenye filamu fupi, michoro kama 4,000. Sisemi alikuwa wa kwanza. Mfaransa Émile Cohl alishatoa Fantasmagorie 1908. Lakini katuni yenye tabia, inayonuna na kudeka, kwangu mimi inaanzia kwa McCay.

Mtazameni Gertie, dinosaria wake wa 1914. Mandhari hayakuchorwa mara moja yakatumika filamu nzima. Kila karatasi, na zilikuwa maelfu, ilichorwa upya mawe na mti wake. Kazi hiyo ya kunakili ilimwangukia kijana msaidizi, John Fitzsimmons. Kisha McCay akapanda jukwaani na mjeledi, akasimama kando ya pazia la sinema, akamwamuru Gertie ainue mguu. Akimkaripia, Gertie analia. Akimrushia tufaha, kumbe amelificha kiganjani, Gertie wa kwenye pazia analimeza. Mwisho McCay anaingia nyuma ya pazia, na hapohapo anatokea McCay wa kuchorwa, anapanda mgongoni mwa mnyama na kuondoka naye.

Aliyemkata mbawa ni mwajiri wake, William Randolph Hearst, tajiri wa magazeti. Alimbana asizunguke na maonyesho hayo, akamkalisha kuchora katuni za tahariri. Filamu zikawa kazi ya baada ya kazi, tena kwa pesa zake mwenyewe. Ndivyo ilivyopatikana The Sinking of the Lusitania ya 1918, kuhusu meli iliyozamishwa na nyambizi ya Wajerumani Mei 1915, wakafa watu 1,198. Hakuna kamera iliyonasa meli ile ikizama, basi McCay akachora yote: moshi, mawimbi, watu wakidondoka baharini. Ajabu ni kwamba magazeti ya bosi wake yalikuwa yamepinga Marekani kuingia Vita vya Kwanza vya Dunia.

Disney mwenyewe hakumsahau. Mwaka 1955 kipindi chake cha televisheni kiliigiza upya onyesho la Gertie.

Nina ombi. Kurasa za Nemo za miaka ile ya mwanzo hazibanwi tena na hakimiliki. Tuchapieni mmoja, wa rangi, mkubwa kadiri gazeti linavyoruhusu. Msiusukumie kwenye kona karibu na chemshabongo: McCay alichora majumba kama mhandisi, lakini maneno aliyabana hivi kwamba hata kwa miwani yanasumbua.

Msomaji wenu,
Tanga