Risala kwa Mgeni Rasmi: Hofu katika Filamu za Usalama

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mwalimu Mkuu, walimu, wazazi na wanafunzi wenzetu,

Klabu yetu ya filamu inakukaribisha kwa heshima. Kabla hujatazama filamu yetu ya kuzuia watoto kuzama, tunaomba tukueleze kidogo kazi ya hofu ndani yake.

Mwaka 1973 Uingereza ilirusha kwenye televisheni filamu ya sekunde 90 hivi iitwayo Lonely Water, ya kuwaonya watoto juu ya hatari ya maji. Ukingoni mwa maji amesimama mtu wa joho jeusi, uso hauonekani. Sauti yake, iliyosomwa na mwigizaji Donald Pleasence, ni ya upole. Mtoto anaufuata mpira kwenye tope linaloteleza. Mwingine ananing'inia kwenye tawi bovu. Damu hakuna. Kinachotisha ni kule kungoja. Kisha wanafika watoto wenye akili, wanamvuta mwenzao, na joho linabaki tupu chini.

Watengenezaji wengine wa filamu za usalama huiga joho, wakasahau kile kipande cha kuokoa. Ndipo filamu inapoharibika: mtazamaji aliyetishwa bila kuonyeshwa la kufanya hufumba macho, au hujiambia, "Hayo ni ya wengine."

Mwaka 1965 watafiti wa Chuo Kikuu cha Yale waliwatisha wanafunzi kwa habari za pepopunda. Katika waliotishwa tu, takriban 3 kwa kila 100 ndio waliokwenda kuchanjwa. Waliopewa pia ramani ya zahanati na kutakiwa wapange saa ya kwenda, walichanjwa zaidi ya robo. Zahanati ni ileile, na walikuwa wanaijua.

Kwa hiyo katika dakika yetu moja, hofu tumeipa sekunde 20. Zilizobaki ni mikono inayookoa tu: piga yowe, lala kifudifudi, nyoosha fito au rusha kamba, usiingie majini, maana anayezama hukukumbatia mkazama wote. Picha ya mwisho ni kamba ikishikwa. Tungemalizia na maji meusi, hilo ndilo mtoto angeondoka nalo.

Mheshimiwa, ombi letu ni moja. Filamu inasema "rusha kamba", na bwawani kamba haipo. Tunaomba kamba ya mita 15 yenye dumu tupu la lita 5 lililofungwa vizuri mwishoni, pamoja na fito ya mita 3, vitundikwe kwenye mti ulio pale bwawani, mahali mtoto wa darasa la pili anapofikia.

Ahsante.

Ni sisi, wanachama wa klabu ya filamu.